Bomba la Nyota la Kaloleni

Shingo yangu imegoma. Daktari anasema ni mifupa, mimi nasema ni anga. Mtu hawezi kuinua kichwa jioni baada ya jioni, mwaka nenda mwaka rudi, halafu atarajie shingo imshukuru. Kwa hiyo bomba nimewaachia ninyi, Rehema na Kevo, pamoja na kila kinachoonekana ndani yake. Mmeniuliza mara nyingi kazi hii niliianzaje, nami nimekuwa nikiwajibu kwa mkato kwa sababu foleni ilikuwa inasubiri. Sasa foleni ni yenu. Naandika upesi kabla sijapata hamu ya kwenda kufanya jambo jingine. Mnanijua.

Habari za vyeo sitazigusa. Kazi yetu ina vyeo viwili tu, anayeshika bomba na anayeshika tochi, na vyote nimevishika.

Shule niliacha darasa la sita. Dirisha la darasa letu pale Pumwani lilitazama barabara, na watu walikuwa wanapita. Nilitaka kujua wanakwenda wapi, nikawafuata. Niliwafuata mpaka Kiamaiko nikabeba ngozi za mbuzi, nikaacha siku nilipoelewa mbuzi anavyochunwa bila kisu kutoboa ngozi. Nikaingia kiwanda cha rangi, nikaacha nilipogundua kwamba rangi zote za duniani zinatoka kwenye mapipa machache yale yale. Nikauza viatu vya mitumba, nikashona magunia, nikawa utingo wa lori. Kazi nikishaielewa ilinitoka mwilini kama homa. Mama yangu, kule Majengo, akiulizwa na majirani mwanawe Shabani anafanya kazi gani, alikuwa anajibu, "Leo?"

Mwanzoni mwa miaka ya tisini nilikuwa na mkokoteni. Jioni moja nilikuwa napeleka kabati la mtu Kaloleni, giza limeshaingia, stima zimepotea mtaa mzima. Uani, nyuma ya nyumba moja ya zile za mawe za baraza la jiji, nikamwona mzee amepiga magoti, amekumbatia bomba la maji taka, jicho lake limezama ndani.

Nikasimamisha mkokoteni. "Mzee, shikamoo. Umepoteza nini humo?"

"Marahaba. Nyamaza, kijana. Zinaingia."

"Nini zinaingia?"

"Ukiendelea kuuliza zitakuwa zimetoka. Njoo hapa."

Nikapiga magoti alipokuwa yeye. Kilimia nilikijua, nani hakijui? Nyanya yangu alikihesabu nyota sita, siku akiwa na furaha saba. Lakini ndani ya bomba lile zilikuwa kama mtu amemwaga kopo la sukari juu ya kanga nyeusi. Zilikuwa za samawati, kali, zimejazana, na zilikuwa zinatembea, zinaingia upande mmoja wa bomba na kutokea upande mwingine, taratibu, kama wageni wa arusi. Nikacheka. Sijui kwa nini nilicheka, lakini hadi leo nawaambia, mtu anayecheka akitazama mara ya kwanza msimwondoe haraka, huyo ni wetu. Nilicheka mpaka mwenye kabati akaja kutafuta kabati lake.

Mzee huyo alikuwa Mzee Wafula, mtu wa Bungoma, aliyetumia maisha yake akitengeneza taa za ishara za reli. Alipostaafu aliona taa za chini zimemchosha. Bomba alilitengeneza mwenyewe. Kioo cha mbele kilitoka kwenye mashine ya fotokopi iliyokufa, aliyoipata Gikomba. Kipande cha kuwekea jicho kilitoka kwenye darubini ya kijeshi iliyopoteza upande mmoja. Vyote viwili vilikaa ndani ya bomba la maji taka, lililopakwa ndani masizi ya sufuria ili mwanga usirukeruke. Na bomba lenyewe lilipanda juu ya kiti cha kinyozi kilichokatwa mgongo, kwa sababu, alisema Mzee, hakuna chombo Nairobi kinachozunguka polepole na kwa heshima kama kiti cha kinyozi. Mnakijua. Bado kinalia kikielekea kusini.

Alinifundisha kulenga mbele ya kitu, si juu yake, maana mtu akishainama, akafuta jicho, akauliza "wapi?", dunia imekwisha kuzunguka na nyota zimepita. Alinifundisha kwamba kutazama moja kwa moja si kuona, na kwamba chembe hafifu huonekana ukilitupa jicho pembeni kidogo, kama unavyomtazama mtu ambaye hutaki ajue unamtazama. Alinifundisha kutopumua juu ya kioo baada ya kula vitunguu. Hilo la mwisho nalisisitiza kwako, Kevo.

Lakini sheria yake kubwa ilikuwa nyingine. Kishada cha nyota, alisema, hakionyeshwi bila kumtaja mwenyewe. Kwao mgeni haingii nyumbani kabla hajasema yeye ni wa nani, na vishada navyo ni wageni. Nyota za kishada ni ndugu, zilizaliwa pamoja na bado zinatembea pamoja. Basi lazima kuna aliyezikuta na kuzitambua. Mzee alikuwa na kitabu kimoja cha Kiingereza kisicho na jalada, alichokisoma mpaka kikawa laini kama kitambaa. Majina ya wale watu yalitushinda kuyatamka, tukawaita kwa kazi zao, na nyumba nyingi za Kaloleni zikawajua hivyo.

Kulikuwa na Kijana wa Kisiwani, aliyeacha chuo kabla ya kumaliza, akapanda meli hadi kisiwa cha mbali baharini akachore anga ya kusini. Huko akaona kwamba nyota moja ambayo watu waliichukulia kuwa nyota ya kawaida ilikuwa ukungu. Ndicho kile kishada kikubwa tunachoonyesha mwezi wa tano, kama ngumi ya unga iliyopigwa ukutani. Huyo nilimpenda tangu siku ya kwanza, mtu aliyetoka darasani akaenda kutazama. Kulikuwa na Mfaransa wa Nyota zenye Mkia. Yeye alitafuta nyota zenye mkia tu, na kila alipodanganywa na kishada alikiandika kwa hasira ili kisimdanganye tena. Leo hasira zake ndizo zinazotulisha. Jambo ambalo sijawahi kulielewa ni kwa nini aliandika na Kilimia humo, maana Kilimia hakijamdanganya hata mbuzi. Mzee alidhani alitaka tu kitabu kionekane kinene.

Kina mama wao walimtaka Dada Mtu. Dada Mtu alitoka Ujerumani kwenda Uingereza kumwimbia kaka yake, akajikuta anamlisha kwa mkono kaka huyo akiwa anasugua vioo vya darubini kutwa nzima bila kuacha. Kisha naye akashika darubini yake ndogo, akapata vishada vyake mwenyewe. Mama Achieng, aliyekuwa msimamizi wa mfereji wa kuchotea maji, alipoisikia habari hiyo alisema, "Ningemlisha na pilipili," halafu akaja kila jioni kuisikiliza tena.

Sasa nifike kwenye shida. Siku hizo mkusanyiko wowote ulihitaji kibali. Watu kumi wakisimama kwa mpangilio mbele ya mzee anayesema, hiyo ilikuwa siasa mpaka ithibitishwe kuwa si siasa. Askari wa chifu walikuwa wanapita jioni, na mara mbili walitutawanya katikati ya kishada. Mama Achieng ndiye aliyepata dawa.

"Kila mtu aje na mtungi," alisema. "Hapa Kaloleni hakuna askari anayevunja foleni ya maji. Mama zao wamo ndani yake."

Tukahamishia bomba karibu na mfereji. Watu wakaja na mitungi mitupu, ya njano, ya buluu, mingine bila vifuniko, wakaipanga mstari, wakasimama nyuma yake kwa nyuso za watu wenye kiu. Askari walipita, wakasalimia, wakaenda. Kazi ilinoga. Mtu alikuwa anasukuma mtungi wake hatua moja, anasukuma tena, anafika mbele, anaelezwa habari za Dada Mtu, anatazama, anachukua mtungi wake mtupu na kwenda nyumbani akitabasamu. Watoto waliozaliwa miaka hiyo nadhani waliamini nyota huchotwa.

Kosa letu lilikuwa kwamba tuliigiza vizuri mno. Ilikuwa Januari, kiangazi kikali, mfereji wetu ulikuwa haujatoa hata tone kwa muda mrefu, na mitaa ya jirani hivyo hivyo. Jioni moja anga ilikuwa safi ajabu, foleni ikapita ukumbi wa jamii, ikakunja kona, ikafika barabarani. Aliyeiona kwa mbali aliona kitu kimoja tu. Habari zikakimbia kwamba maji yamefunguliwa Kaloleni. Kabla hatujamaliza Kilimia, walianza kuingia kwa mikokoteni, kwa baiskeli, wengine na mabeseni kichwani.

Mwanamume mmoja jasho likimtiririka alifika mbele akamkuta Mzee anaeleza mambo ya Mfaransa.

"Maji iko wapi?"

"Tazama hapa kwanza," nikamwambia, kwa mazoea tu.

Akainama akatazama. "Buda," akasema, "hii maji iko mbali sana."

Sisi tulicheka. Walio nyuma yake hawakuona cha kuchekesha. Wakaona bomba limesimama mbele ya foleni ya maji, na watu wa Kaloleni wamelizunguka wakicheka, wakaamua kwamba tunawaficha. "Fungueni hilo bomba," mtu akapaza sauti, na mitungi mitupu ikaanza kugongana. Mama Achieng alipanda juu ya kizingiti cha mfereji kuwaeleza kwamba hapakuwa na maji, zilikuwa nyota tu, na maelezo hayo hayakumsaidia mtu.

Ndipo chifu alipofika na askari wake. Alikuwa mtu mrefu, mwenye kofia ile ngumu ya kaki ya kichifu, aliyoivaa hata akila. Alitazama mfereji mkavu, akatazama umati, akatazama kiti cha kinyozi.

"Nani amewaita watu hawa?"

"Wamekuja wenyewe, Bwana Chifu," Mzee akasema.

"Wafula. Nilijua ni wewe."

Askari wakalibeba bomba begani, na kiti nyuma yake.

Liliwekwa stoo ya ofisi ya chifu, kati ya mapipa ya pombe ya busaa na mitambo ya chang'aa iliyokamatwa, na kwa kweli mgeni angelidhani ni ndugu yao. Neno likatoka kwamba litapelekwa kortini kama ushahidi, na mnajua vitu vya ushahidi hurudi vikiwaje. Tena vioo vile Mzee asingevipata mara ya pili. Wakati huo huo rafiki yangu mmoja mwenye lori alikuwa ananingoja niende naye Malaba siku ya Alhamisi, kazi ya utingo, safari ndefu. Miaka yote nilikuwa mtu wa kurukia lori kama hilo kabla halijasimama. Safari hii niligundua, na jambo hilo lilinishangaza mimi kuliko mtu yeyote, kwamba sitaki kwenda. Nilikuwa nimepata kazi ambayo kila nilipodhani nimeielewa, ilikuwa imeingiza kitu kingine upande wa pili wa bomba. Bila bomba sikuwa na kazi hiyo. Ningepanda lori.

Mama Achieng alikwenda ofisini kutuombea, akarudi na masharti. Chifu atatazama mwenyewe, jioni ya Jumatano, uani kwa ofisi yake. Akiona hicho tunachodai kuwaonyesha watu, bomba ni letu. Asipoona, asubuhi linakwenda kortini. Na Wafula asikanyage hapo. Hilo la mwisho lilikuwa na historia yake. Yeye na chifu walikuwa wameimba besi katika kwaya moja ya kanisa Katoliki kwa miaka, wakaja wakagombana nani anauvuta wimbo nyuma, na ugomvi huo uliivunja kwaya pamoja na urafiki.

"Utakwenda wewe," Mzee akaniambia.

"Mimi sijui kuzungumza na chifu."

"Huzungumzi na chifu. Unazungumza na jicho lake."

Jumatano nikaenda. Nilichagua kishada kimoja ambacho hata macho magumu hayakikosi, kile kilicho karibu na nyota ing'aayo kuliko zote. Jioni za Januari nyota hiyo inapanda mashariki, nacho kinapanda kuliani mwake. Bomba lilinuka busaa, lakini vioo vilikuwa salama. Askari watatu walisimama kando, na mpishi wa ofisi, mwanamke mnene aliyeitwa Mama Njeri, akatoka jikoni akifuta mikono. Mzee alikuwa nje ya ua wa michongoma. Nilikuwa naona paji lake la uso tu.

"Bwana Chifu," nikaanza, "kishada hiki..."

"Hotuba sitaki. Hotuba ndizo zimewaleta hapa. Onyesha."

Nikalenga mbele kidogo, nikampisha. Akainama. Ukingo wa kofia ukaligonga bomba, ng'o, na kiti cha kinyozi kikageuka kwa heshima zake zote kikatazama bati la jikoni.

"Sioni kitu."

"Samahani, Bwana Chifu. Limesogea." Nikalenga upya. Akainama. Ng'o.

"Giza tupu."

Mara ya tatu nilishika bomba kwa mikono miwili, kofia ikaligonga hata hivyo, ikanigonga na mimi kidoleni. Niliwatazama askari. Walijua. Mama Njeri alijua. Lakini hakuna mtu pale aliyekuwa na mdomo wa kumwambia chifu avue kofia ya serikali, uani kwake, mbele ya askari wake, na mimi sikuwa nao pia. Mama Njeri akauma mwiko.

"Basi," chifu akasema, akanyooka. "Nimetazama mara tatu. Hakuna. Rudisheni stoo."

Askari mmoja akaja akashika kiti. Nikaliona lori la Malaba wazi kabisa, mpaka turubai lake. Sikuwa na ujanja wowote, naomba mniamini. Nilichofikiria ni kwamba Mzee ananisikia pale kwenye michongoma, na kwamba nimeonyesha kishada bila kumtaja mwenyewe.

"Bwana Chifu," nikasema, "hotuba sitoi. Lakini niruhusu nimtaje mwenye kishada, halafu walichukue. Sisi hatuonyeshi bila kutaja. Hiki ni cha marehemu padri."

Chifu akageuka. "Padri gani?"

"Padri wa Katoliki, wa Sisilia, kule Italia. Zamani sana. Alikuwa anahudumia parokia yake, na usiku anatazama kwa darubini iliyo dhaifu kuliko bomba hili. Alipata vishada vingi, akaviandika kwenye kijitabu, na kijitabu kikasahaulika. Wengine wakaja wakaviona baadaye, wakasifiwa wao. Alikufa bila mtu kujua."

"Bila mtu kujua," chifu akarudia.

"Ndiyo, Bwana Chifu. Sasa hivi tu ndio wamegundua kwamba alitangulia."

Kisha mkono wake ukapanda wenyewe, kama unavyopanda mkono wa mtu wa kanisa anapopita jeneza, ukavua kofia. Akafanya ishara ya msalaba. Kichwa chake kilikuwa na upara mdogo katikati, ambao nadhani askari wake walikuwa wanauona kwa mara ya kwanza.

"Tuseme alistahili angalau kutazamiwa kishada chake," akasema. "Lenga mara moja tu."

Sikumbuki nililengaje. Nakumbuka alivyoinama, kofia kwapani, na bomba lisisogee hata unywele. Sauti za mtaa zilikuwepo, redio, mtoto anaogeshwa kwa kelele mahali fulani, lakini uani hapo hakuna aliyepumua.

"Kuna moja nyekundu katikati," chifu akasema.

Sikuwa nimemwambia. Mama Njeri alipiga kigelegele kifupi akajizuia.

"Nyingine zimeizunguka. Kumbe ni nyingi hivi." Akaendelea kutazama. "Sasa zinaondoka. Kwa nini zinaondoka?"

"Dunia inazunguka, Bwana Chifu."

"Zirudishe."

Nikazirudisha. Zikaondoka tena, nikazirudisha tena, na mara ya tatu nilimsikia anacheka, kicheko cha besi kirefu, kutoka chini kabisa. Aliponyooka, askari walikuwa wamekwisha kujipanga wenyewe, Mama Njeri mbele yao na mwiko wake.

"Kibali nitaandika mimi," akaniambia. "Lakini mitungi sitaki kuiona tena. Mmeniletea nusu ya Nairobi." Akageuza uso kwenye michongoma. "Na yule anayechungulia huko nje ni nani?"

"Ni Mzee Wafula, Bwana Chifu."

Chifu aliizungusha kofia mikononi. "Mwambie haruhusiwi kuchungulia. Kama anataka kutazama, foleni inaanzia nyuma ya askari."

Mzee akaingia. Hawakusalimiana kwa mkono, hilo lilichukua muda zaidi, na besi zao kuimba pamoja tena kulichukua muda zaidi ya hapo. Alisimama nyuma kama mtu yeyote, akasogea hatua kwa hatua. Zamu yake ikafika. Ningemwambia nini mtu aliyenifundisha kila neno? Lakini alikuwa amesimama anangoja, kwa hiyo nilimweleza yote kana kwamba ni mgeni, padri, parokia, darubini dhaifu, kijitabu kilichosahaulika. Alisikiliza kichwa kimeinama. Kisha akapiga goti moja, akatazama, mikono yake ikiwa nyuma ya mgongo. Hakugusa kiti. Hakurekebisha chochote.

"Asante, fundi," akasema, akampisha aliyekuwa nyuma yake, ambaye alikuwa chifu, amerudi kwa mara nyingine.

Lori la Malaba liliondoka Alhamisi, na mtu mwingine ubavuni mwa dereva. Mimi saa hiyo nilikuwa Kaloleni, nasugua harufu ya busaa ndani ya bomba, naliangalia jua nikiona linachelewa kuzama.